Kitanda cha harusi na nyigu waliodhaniwa kunguni

Nilipoitwa katika nyumba ile ya Ng'ambo, mjini Unguja, godoro la kwanza lilikuwa limeshatupwa jaani. La pili, jipya, lilisimamishwa uwani likipigwa jua, na chumba kizima kilinuka dawa ya kupuliza. Bibi mwenye nyumba, anayekaribia miaka 70, alikuwa na wiki ya tatu hajalala kitandani mwake. Yeye na wajukuu zake wawili walikuwa wakitandika mkeka ukumbini. Kitanda chenyewe ni samadari aliyoozwa nayo, yenye matendegu ya kukereza, na kilikuwa kimevutwa katikati ya chumba, mbali na ukuta, kama kitu chenye maradhi ya kuambukiza.

Malalamiko yalianza joto la kaskazi lilipoingia. Vipele vyekundu, vigumu, vikiwasha kwa siku tatu au nne. Usoni na mikononi vilikuwa vichache. Vingi vilikuwa kiunoni, mapajani, mgongoni, chini ya mkanda wa nguo ya kulalia. Duka la dawa lilitoa malhamu ya kupaka na vidonge vya mzio. Mpiga dawa alikuja mara tatu, akapuliza godoro, kuta na sakafu, akasema ni kunguni. Kila alipopuliza nyumba ilitulia siku nne au tano, kisha mambo yakarudi palepale. Jirani mmoja alishauri kitanda kichomwe moto. Mwengine alisema kuna mkono wa mtu, na bibi akasomewa.

Nilimuomba bibi anieleze mwenyewe, tangu mwanzo.

"Kunguni mie nnawajua, mwanangu," alisema. "Utotoni tumelala nao. Kunguni hukunyonya umelala, asubuhi ndo unajikuna. Hichi kinakuamsha. Kinachoma kama ncha ya sindano ilotoka motoni."

Maneno hayo aliyasema kwa kila aliyekuja kabla yangu, na hakuna aliyeyashika. Hili liliniuma kuliko jengine lolote katika kisa hiki, kwa sababu nusu ya jibu ilikuwa humo. Kunguni ni mfyonzaji damu. Riziki yake inategemea mtu asishituke, ndiyo maana hula kimyakimya, na hula pale ngozi ilipo wazi: mikono, shingo, miguu. Akiwapo huacha alama zake: vidoa vyeusi kwenye shuka, maganda aliyoyavua kwenye mishono ya godoro, harufu nzito chumbani. Nilipita kwa tochi kila mshono, kila tundu la msumari, nyuma ya kitakizo, chini ya chaga. Hapakuwa na hata kimoja. Viroboto nao hupenda vifundo vya miguu, na nyumba haina paka.

Mdudu anayechoma mtu papo hapo hadi akaruka mara nyingi ni mwenye mwiba, na wadudu wenye mwiba wa namna hiyo ni wa ukoo mmoja: nyuki, nyigu na baadhi ya chungu. Tena huyu hachomi kwa kutaka damu. Anatembea tu, anaingia chini ya nguo, mtu anajigeuza, anabanwa, anajitetea. Ndiyo maana vipele vilikuwa chini ya mkanda na si mikononi.

Swali la pili lilikuwa anatoka wapi. Sakafuni, ukutani, darini, au kitandani kwenyewe? Jioni ile tulifanya jambo dogo lisilogharimu kitu. Tuliondoa godoro, tukatandaza shuka jeupe sakafuni chini ya kitanda, kisha tukazungusha selotepu pana kwenye kila tendegu, upande wenye gundi ukitazama nje. Mdudu anayepanda kutoka chini angenasa kwenye selotepu. Anayetoka kitandani angeanguka kwenye shuka.

Asubuhi selotepu zilikuwa na vumbi na mbu mmoja. Shuka lilikuwa na vitu viwili. Cha kwanza, vichuguu vidogo vya unga, vyote katika mstari mmoja chini ya ubavu wa kushoto wa kitanda. Cha pili, wadudu wanne wa kahawia, kila mmoja urefu wa kama milimita 3, bila mbawa, wakienda mbio huku na huku.

"Si sisimizi hawa, kaka?" aliuliza binti yake bibi.

Kwa macho tu, kila mtu angesema sisimizi. Lakini sisimizi hufuatana. Hawa kila mmoja alikuwa na njia yake. Nilimshika mmoja kwa kibano na kumtia chini ya kioo cha kukuzia. Sisimizi ana kifundo kinachoonekana wazi kiunoni, na papasi zake, vile vipembe vya kichwani vya kupapasia, zimekunjika kama kiwiko kutokana na kipande kirefu cha mwanzo. Huyu hakuwa na kifundo hicho, kichwa chake kilikuwa kirefu na bapa kama punje ya ufuta, na mwili wote umebanwa kana kwamba umepitishwa chini ya mlango. Nilipombana kidogo, mwiba ukatoka nyuma. Huyu ni nyigu, wa familia ya Bethylidae, jenasi ya Sclerodermus. Hajengi kiota, hana malkia, hakai kwa jeshi kama nyigu tuwajuao wanaoning'inia kwenye paa. Majike wengi wa jenasi hii hawana mbawa kabisa, na ubapa wao una kazi maalumu: wanaingia ndani ya mbao kwa kupitia matundu ya wadudu wengine.

Kwa hiyo tulikuwa na mwindaji. Ilibaki kumpata anayewindwa, na unga ulikuwa umeshatuonesha pa kutazama.

Kitanda kina mifumbati miwili, yaani mbao ndefu za ubavuni. Wa kulia ni wa asili, mzito, wa rangi iliyokolea. Wa kushoto ulikuwa umepakwa vanishi nyeusi ili ufanane na mwenziwe, na kwa nje ulifanana kweli. Nilipolala chini chali na tochi nikauona upande wake wa ndani: mbao nyeupe isiyopakwa kitu, imejaa matundu ya mviringo yenye upana wa milimita 1 hadi 2, unga ukidondoka kila nilipogonga kwa kidole. Nilichukua unga ule nikausugua baina ya vidole. Ulikuwa laini kama wa ngano, hauna chembe hata moja ya kukwaruza. Alama hii ina maana, kwa sababu dumuzi, yaani mbawakawa wadogo wanaotoboa mbao, ni wa aina nyingi, na wapo ambao unga wao una punje punje ukiugusa. Unga laini kabisa ni alama ya kundi la Lyctus, katika familia ya Bostrichidae, na mmoja wao, Lyctus brunneus, ameenea dunia nzima kwa kusafiri ndani ya mbao za biashara.

Mjukuu mkubwa wa bibi, msichana wa skuli, alipewa kazi ya kuzungushia kila tundu duara la penseli. Kazi hii ilikuja kutufaa zaidi kuliko nilivyotarajia.

Mfumbati ule uliwekwa msimu wa kusi uliotangulia, baada ya ule wa zamani kuvunjika watoto wakirukaruka. Nilikwenda kwa fundi seremala aliyeutengeneza, na sikwenda kumlaumu. Alinieleza bila kificho. Bibi alikuwa na fedha kidogo, mbao ya msaji ilikuwa imepanda bei, naye alikuwa na mbao za mwembe. Mti ulikatwa masika, ukapasuliwa, mbao zikakaa wiki chache chini ya banda. "Mwembe unapokea rangi vizuri, na hausumbui randa," alisema. Kisha akanipeleka nyuma ya karakana na kunionesha kipande kilichobaki cha ubao uleule. Alipokiinua, unga ulimwagika juu ya viatu vyake. Alikitazama kwa muda mrefu, hakusema neno.

Dumuzi wa Lyctus hawezi kuila mbao yenyewe ikamlisha. Anachotafuta ni wanga uliohifadhiwa katika sehemu nyeupe ya mti, ile iliyo karibu na gome, ambamo mti huweka akiba yake ya chakula. Kiini cha mti, kile cheusi, hakina wanga huo. Ndiyo maana mfumbati wa kulia umekaa kwenye kitanda hichohicho miaka yote hiyo bila tundu moja: dumuzi akiingia humo atakufa njaa. Ubao wa mwembe wa fundi ulikuwa mweupe ukingo hadi ukingo, wenye wanga tele, na wenye vinyweleo vipana. Jike la dumuzi hutembea usiku, huing'ata mbao hapa na pale kuonja, akiridhika huingiza mayai ndani ya vinyweleo vyake. Penye vanishi vinyweleo vimezibwa, hawezi kutaga. Upande wa nje wa mfumbati ulilindwa na urembo wake, na upande wa ndani, usioonekana na mtu, ukaachwa wazi.

Buu anapototolewa hula kufuata urefu wa mbao, akiacha nyuma yake unga ulioshindiliwa. Hagusi ngozi ya juu. Mbao inaweza kuonekana nzima kwa nje, na ndani imebaki unga mtupu. Akishakomaa hutoboa tundu, hutoka, hupata mwenzi, na jike hurudi kutaga kwenye mbao ileile maadamu bado ina wanga. Katika joto la pwani yetu mzunguko huu huchukua miezi michache tu.

Fundi alikuja na msumeno na patasi. Tuliutoa mfumbati mzima, tukakata kipande cha kama shubiri mbili, tukakipasua taratibu kufuata urefu wa mbao. Hapa niseme kwamba nimesoma habari za nyigu hawa kwa miaka, lakini sijawahi kuona wazi kama nilivyoona juu ya baraza ile, mchana, watu watano wakiwa wameinamia kipande cha mwembe.

Vijia vilipita kila upande, vimejaa unga. Humo walikuwamo mabuu wa dumuzi, weupe, waliojikunja kama herufi C. Wengine walikuwa wazima na wakijinyonganyonga. Wengine walikuwa hawasogei, ingawa hawakuwa wamekauka wala kubadilika rangi. Mmoja wao alikuwa amebebeshwa vijiumbe vinne vidogo, kama matone ya maziwa, vimemshikilia ubavuni kwa vichwa vyao. Na kando yake, ndani ya kijia kilekile, alisimama jike la nyigu, mdogo kuliko buu mwenyewe, akipitisha papasi zake juu ya kila kijiumbe mmoja baada ya mwengine. Mbele kidogo tulikuta vifukofuko vya hariri hafifu, vimepangwa pamoja, na karibu yake ngozi tupu ya buu aliyeliwa akaisha.

Mambo huenda hivi. Jike huingia kwa tundu au ufa, huongozwa na harufu ya unga na ya mabuu. Akimkuta buu humchoma, mara nyingi zaidi ya mara moja, na sumu yake humpoozesha bila kumuua. Huo ndio ustadi wenyewe, kwa kuwa nyama iliyooza haiwafai watoto wake. Wanahitaji buu aliye hai asiyeweza kujitingisha. Kisha hutaga juu ya ngozi ya buu. Buu akiwa mkubwa, kama wale wa mbawakawa wenye papasi ndefu wanaotoboa magogo, nyigu anaweza kutaga makumi ya mayai juu yake, na majike wawili au zaidi huweza kumshambulia kwa pamoja na kulea pamoja. Juu ya buu mdogo kama wa Lyctus hutaga machache. Akishataga haondoki. Hukaa na wanawe, huwasafisha, na akianguka mmoja kutoka juu ya chakula humrudisha. Nyigu vimelea wengi hutaga na kwenda zao. Kukaa kulea ni jambo la nadra miongoni mwao. Watoto wengi huwa ni majike. Madume wachache hutangulia kutoka, na huwapanda dada zao hata kabla hawajatoka vifukoni, kwa hiyo jike linalotoka kwenye mbao limeshabeba kizazi kijacho.

Bibi alivaa miwani yake na kuchukua kioo cha kukuzia. Alitazama kwa muda.

"Kumbe analea," alisema. "Na mie n'nampulizia dawa."

Kisha akauliza swali ambalo naona ndilo kiini cha kisa kizima: "Basi si nimwache amalize kazi? Si anawala hao dumuzi?"

Anawala, ndiyo. Wako na wengine pia wanaowala. Monolexis fuscicornis, nyigu mwenye mbawa wa familia ya Braconidae, humwinda Lyctus kwa kutagia kwenye vijia vyake. Yuko mbawakawa mdogo mwenye mstari mweupe mgongoni, Tarsostenus univittatus, ambaye huingia kwenye matundu ya Lyctus na kuwala mabuu. Ukiona wadudu hawa dirishani usiwaue kwa hasira. Wanakupa habari kwamba ndani ya nyumba kuna mbao inayoliwa, na mara nyingi wanaileta habari hiyo kabla mbao haijavunjika.

Lakini kumaliza kazi hawawezi, na hapa nilimjibu bibi bila kuzungukazunguka. Nyigu anafika anapofika tu. Buu aliyejifungia nyuma ya unga ulioshindiliwa, mbali na ufa wowote, hamfikii. Na wala si nyigu wetu peke yake mwenye mpaka huu. Huko Marekani, mbawakawa wa kijani kutoka Asia, Agrilus planipennis, aligunduliwa katika jimbo la Michigan mwaka 2002 akiangamiza miti ya jamii ya Fraxinus. Kuanzia 2007 wataalamu waliachia nyigu waliotolewa China. Mmoja wao, Tetrastichus planipennisi, hupenya gome kwa mwiba wake wa kutagia na kuwafikia mabuu walio chini yake. Mwiba huo ni mfupi, milimita 2 na kidogo. Katika miti michanga yenye gome jembamba amefanya kazi kubwa. Katika mti mzee wenye gome nene hafiki, na wataalamu ikabidi watafute aina nyengine yenye mwiba mrefu zaidi. Urefu wa mwiba ndio ulioamua mti upi usaidiwe na upi usisaidiwe.

Sisi wenyewe tuna mfano wetu, na nashangaa kwamba haukumbukwi. Katika miaka ya 1940 nyigu mkubwa anayechimba, Scolia ruficornis, alichukuliwa kutoka Zanzibar akapelekwa visiwa vya Pasifiki, vikiwamo Samoa na Palau, kupambana na chonga wa huko, mbawakawa anayeharibu minazi, Oryctes rhinoceros. Samoa ilimpata chonga huyo mwaka 1909, ndani ya miche ya mpira iliyotoka Ceylon, Sri Lanka ya leo. Nyigu wetu humchimbia buu wa chonga ndani ya samadi na mbao zilizooza, humpooza, humtagia yai moja. Palau alishika makazi. Hata hivyo minazi ya Pasifiki haikupumua kwa sababu yake; ilianza kupumua pale virusi vya chonga, vilivyogunduliwa Malaysia na mtafiti Alois Huger mwaka 1963, vilipoachiwa Samoa mwaka 1967. Na hata virusi navyo huhitaji watu waondoe magogo yaliyolala yakioza. Nyigu alisaidia, lakini magogo yakiachwa chonga huendelea kuzaliwa.

Kwa kitanda cha bibi kulikuwa na tatizo jengine zaidi. Nyigu hawa hawageuzi buu mmoja kuwa nyigu mmoja. Buu mmoja hutoa majike kadhaa. Kila jike jipya hutafuta buu wake, na ndani ya mfumbati mmoja mabuu huanza kuadimika. Asiyepata hutoka nje kutafuta kwengine, na nje ya mfumbati pana godoro na watu waliolala. Kwa hiyo kadiri nyigu anavyofaulu ndani ya mbao, ndivyo wanaolala juu yake wanavyochomwa zaidi. Msimu wa joto huharakisha yote mawili. Naamini ndiyo maana kipindi cha kusi kilipita kimya, na kaskazi ikaja na vilio.

Na dawa ya kupuliza? Ilifika kwa wale waliokuwa wameshatoka nje tu. Ndani ya mbao haikuingia, si kwa nyigu wala kwa dumuzi. Siku nne tano za utulivu zilikuwa muda wa kizazi kengine kutoka. Kilichoingia kweli mahali kisipotakiwa ni dawa yenyewe, iliyopulizwa mara tatu kwenye godoro wanalolalia watoto, na hilo sitalinyamazia: godoro halipulizwi kwa kubahatisha.

Kabla ya kufika kwenye mbao nilimwambia binti wa bibi jambo moja la haraka. Mchomo wa nyigu huyu kwa watu wengi huishia kwenye kipele na kuwashwa. Kitambaa cha maji baridi na dawa ya mzio hutosha. Mtu akivimba midomo au ulimi, akikosa pumzi au kizunguzungu kikimshika, hapana kusubiri asubuhi, ni hospitali wakati uleule. Mjukuu mdogo alikuwa anavimba zaidi ya wengine, kwa hiyo alihamishiwa kwa shangazi yake mpaka kazi iishe.

Tulizungumza juu ya kuuponya mfumbati. Kuupasha moto kunawezekana: dumuzi na nyigu wote hufa moyo wa mbao ukifika nyuzi joto 55 hadi 60 na kukaa hapo kwa saa kadhaa. Jua la kaskazi juu ya bati, mbao ikiwa imefungwa kwa plastiki nyeusi, hupasha sana ubao mwembamba. Mfumbati ule ulikuwa na unene wa inchi mbili, na sikuweza kumuahidi bibi kwamba moyo wake ungefika huko. Kupaka mafuta ya taa, kama fundi alivyopendekeza mwanzo, huishia juu juu na kuacha harufu na hatari ya moto. Chumvi za boroni hufaa sana kwa mbao mbichi ambayo haijashambuliwa, inapolowekwa au kupakwa kabla ya kuundwa. Kwa mbao iliyokwisha kuwa unga, kuokoa ni kupoteza wakati. Fundi aliingiza patasi kwa mkono mtupu hadi mpini, na mjadala ukaishia hapo.

Mfumbati ulichomwa moto siku ileile uwani, pamoja na kile kipande cha karakana. Nilibakisha kigae kimoja ndani ya chupa yenye kitambaa mdomoni, nione watatoka nani. Fundi alitafuta msaji kutoka kwenye mlango wa zamani uliobomolewa, akachagua kiini kitupu na kukata ukingo wote uliokuwa na weupe. Tulikubaliana apake vanishi pande zote nne na kwenye ncha, hata mahali pasipoonekana. Tulipitia chaga moja moja. Mbili zilikuwa za mbao nyeupe, zikatolewa. Nyengine zilikuwa na matundu machache ya zamani yasiyotoa unga. Tuliyazungushia penseli, ili tundu jipya likitokea lijulikane, tukayaacha.

Fundi aliniuliza afanyeje na mbao za mwembe alizobaki nazo, maana ndiyo mtaji wake. Hilo ni swali la haki. Mwembe si mti mbaya. Ukilowekwa majini wiki kadhaa baada ya kupasuliwa, sehemu ya wanga hutoka. Ukipakwa boroni ukiwa bado mbichi, ukaanikwa vizuri, ukafungwa kwa vanishi kila upande, hukaa. Shida yake ni wakati, na mteja anayesubiri kitanda leo hataki kusikia habari ya wiki sita. Hata hivyo alitengeneza pipa la kulowekea nyuma ya karakana, nimeliona kwa macho yangu.

Bibi alirudi kitandani siku ya tatu baada ya mfumbati mpya kufungwa. Niliwaambia mapema kwamba wanaweza kuchomwa bado, kwa kuwa majike waliokwisha kutoka huishi wiki kadhaa hata bila kupata buu. Msichana aliandika kila mchomo kwenye kalenda ya ukutani. Wiki ya kwanza miwili, ya bibi. Wiki ya pili mmoja. Wiki ya tatu hapakuandikwa kitu, na mdogo wake akarudishwa nyumbani.

Kwenye chupa yangu walitoka dumuzi kwanza, kisha nyigu, majike karibu wote, wakipandana juu ya kigae wakitafuta tundu lenye kitu ndani. Miongoni mwao walikuwapo madume wawili wenye mbawa, ambao nisingewatambua kuwa ni ndugu zao kama nisingewaona wakitoka mahali pamoja.

Nilipita tena nyumba ile kaskazi iliyofuata. Bibi alinikaribisha chumbani, na kabla sijaomba, mjukuu akaleta tochi na kujilaza chini ya kitanda. Alihesabu kwa sauti, chaga baada ya chaga. Kila tundu alilolitaja lilikuwa na duara lake la penseli.